Juisi ya Mabibo: Kinywaji Kinachoozea Chini ya Mikorosho ya Nachingwea na Ruangwa

Julai 19, 2022, Uingereza ilipata joto ambalo haikuwahi kulipima kabla ya siku hiyo: nyuzi 40.3, huko Coningsby, Lincolnshire. Mimi nilikuwa Reading, ndani ya nyumba iliyojengwa ili itunze joto, madirisha yote wazi na upepo hakuna. Kwenye friza nilikuwa na pakiti nne za rojo la njano kutoka duka la Wabrazili. Nilizinunua bila kujua ni kitu gani, kwa sababu zilikuwa za bei rahisi. Zilikuwa zimeandikwa neno moja tu: *caju*. Nikayeyusha moja, nikaonja kijiko. Ulimi ukakauka, koo likakaba kidogo, na harufu ile ikanirudisha Ruangwa, kusini mwa Tanzania, chini ya mikorosho ya bibi, shati la shule limejaa madoa ya kahawia ambayo hakuna sabuni iliyowahi kuyatoa.

Kumbe nilikuwa nimenunua mabibo.

Nilimpigia mjomba kumwambia. Baada ya shikamoo na marahaba, akacheka mpaka akakohoa. "Mwanangu, unanunua mabibo? Kwa hela? Njoo Novemba, huku tunayakanyaga."

Maneno hayo ya mjomba ndiyo yamenifanya niandike makala hii. Kila kiangazi mnaniuliza namna ya kutengeneza kinywaji cha matunda cha nyumbani kinachopoza mwili, na nitawaeleza. Lakini kwanza tuulizane: imekuwaje tunda linalokanyagwa Nachingwea na Ruangwa linauzwa Reading na Wabrazili?

Tunda lisilo tunda

Kwa mtaalamu wa mimea, tunda la mkorosho ni ile korosho yenyewe, yenye ganda gumu linaloning'inia chini. Bibo ni kikonyo tu kilichovimba kikajaa maji. Mbuzi, popo na watoto hawajali maelezo hayo. Bibo lililoiva, liwe jekundu au la njano, lina maji mengi, sukari ya kutosha, na vitamini C inayolishinda chungwa mara kadhaa.

Kuna hesabu moja ya kushangaza. Bibo huwa na uzito unaokaribia mara saba hadi kumi ya uzito wa korosho iliyoshikana nalo. Msimu wa 2017/18 Tanzania ilivuna zaidi ya tani 300,000 za korosho ghafi. Kila mfuko ulioingia ghalani uliacha shambani mabibo ya kujaza mifuko saba au zaidi. Jumla yake ni zaidi ya tani milioni mbili za tunda kwa msimu mmoja, na sehemu kubwa mno iliozea mchangani.

Mgeni aliyekaa

Mkorosho ni mzaliwa wa kaskazini mashariki mwa Brazil. Wenyeji wa huko, watu wa lugha ya Kitupi, waliuita *acaju*. Wareno wakafupisha wakasema *caju*, na katika karne ya 16 wakauleta pwani ya Msumbiji. Jina hilo bado limo katika Kiswahili. Wazee wa pwani ya kaskazini husema mkanju na kanju, ilhali sisi wa kusini tunasema mbibo na mabibo. Dar es Salaam wana mtaa mzima uitwao Mabibo.

Mti huu uliipenda ardhi yetu ya kichanga na ukame wetu mrefu. Nachingwea pia kulishajaribiwa mambo makubwa zaidi. Mwaka 1947 Waingereza walianza mradi wa karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea, wakiwa na matrekta na reli mpya kutoka bandari ya Mtwara. Mwaka 1951 waliuvunja, pauni milioni 36 zimekwenda na maji, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 reli nayo ikang'olewa. Mkorosho haukudai trekta wala reli. Mkulima aliupanda kwa jembe la mkono pembeni mwa mihogo yake, na ndio uliobaki.

Uliwahi kuyumba. Msimu wa 1973/74 nchi ilivuna karibu tani 145,000; katikati ya miaka ya 1980 mavuno yakashuka chini ya tani 20,000. Watu walikuwa wamehamishiwa vijiji vya ujamaa, wakaacha mikorosho mbali, na ugonjwa wa ubwiriunga ukashambulia maua. Kituo cha utafiti cha Naliendele, karibu na Mtwara, kilifanya kazi kubwa ya kuurudisha, kwa miche bora na kwa kupulizia salfa. Ikumbukeni hiyo salfa. Tutaikuta tena jikoni.

Kwa nini linaachwa

Bibo likianguka, lina siku moja. Ngozi yake ni laini kama ya nyanya iliyoiva kupita kiasi, na chachu huanza kazi jua la kwanza likiligonga. Korosho, kwa upande wake, ukishaianika vizuri, inakaa ghalani miezi. Kwa hiyo kila kitu kusini kimejengwa kuizunguka korosho: chama cha msingi, ghala, stakabadhi, mnada. Ruangwa, Nachingwea na Liwale zina chama kikuu chao cha ushirika, RUNALI, ambacho jina lake ni herufi za mwanzo za wilaya hizo tatu. Msimu ukifunguliwa Oktoba, mazungumzo ni bei ya mnada tu, sokoni, msikitini na kwenye mabenchi ya kahawa.

Korosho imewahi kuwaita hata askari. Novemba 2018 Rais John Magufuli, baada ya kukataa bei za wafanyabiashara, aliamuru serikali izinunue zote kwa shilingi 3,300 kwa kilo, na malori ya jeshi yakaja kusini kuzibeba. Nyuma yao wakafuata wakaguzi wa kuwasaka watu wa kangomba, wale wanaonunua korosho kwa wakulima kwa bei ya chini kabla ya msimu. Kangomba wa mabibo hajawahi kusakwa, maana hayupo.

Tena msimu wenyewe unambana mkulima. Mabibo yanadondoka katika joto kali la kabla ya masika, watu wakiwa mashambani tangu alfajiri kufagia chini ya miti, kuokota, kunyonyoa korosho na kuanika. Mwenye ekari tano na watoto wawili wa kumsaidia hatapata mkono wa tatu wa kukamua juisi.

Uraka umeliharibia jina

Lakini tusidanganyane kwamba mabibo hayatumiki kabisa. Yanatumika, na wengi wenu mnajua yanatumikaje. Maji ya bibo yakiachwa usiku mmoja au zaidi yanakuwa uraka, pombe ya msimu. Mabibo yenyewe yakianikwa yanakuwa kochoko, ambayo huhifadhiwa na baadaye kuloekwa, kuchachushwa na kukenekwa hadi kupata gongo, ambayo sheria inaikataza. Kwa nyumba nyingi, hasa za Waislamu, neno bibo limebeba harufu ya kilabuni. Bibi yangu alituruhusu kuyatafuna, lakini kuyakamua ndani ya uzio wake ilikuwa marufuku. "Maji ya bibo hayana adabu," alikuwa akisema. "Unayalaza yakiwa matamu, unaamka yamelewa."

Ndugu zetu wa ng'ambo ya bahari wamepita njia hiyohiyo. Goa, India, nako Wareno walipeleka mkorosho, na kinywaji chao cha kwanza cha kukeneka huitwa *urrak*, jina linalokaribiana mno na letu. Kikikenekwa tena kinakuwa *feni*, ambayo tangu 2009 jina lake linalindwa kisheria kama mali ya Goa.

Brazil walipata pia njia ya pili. Huko mfamasia na mwandishi Rodolfo Teófilo, wa jimbo la Ceará, ndiye anayehesabiwa kuwa mwanzilishi wa *cajuína*, juisi ya mabibo isiyo na kilevi, na nia yake ilikuwa kuwapa watu kitu cha kunywa badala ya pombe. Wanaichuja mpaka inakuwa angavu, wanaijaza chupani, kisha wanaichemshia ndani ya chupa mpaka inageuka rangi ya asali. Mwaka 2014 utengenezaji wa cajuína katika jimbo la Piauí ulitambuliwa rasmi kuwa urithi wa utamaduni wa Brazil. Sisi tunalo tunda hilohilo na joto lilelile. Tulichokikosa ni mazoea ya kulichuja.

Ukakasi unatoka wapi, na unaondokaje

Anayelitafuna bibo mara ya kwanza husema linakaba koo. Sababu yake ni tanini, ileile iliyomo kwenye chai ya rangi iliyokolea. Tanini hujishikiza kwenye protini za mate, mate yanapoteza utelezi, na kinywa kinahisi kimepigwa pasi. Basi dawa ni kuipa tanini kitu kingine cha kushika kabla haijafika mdomoni mwako. Wabrazili huitilia juisi jelatini. Kerala, India, hutumia maji mazito ya wali au sago. Wanga hukamatana na tanini, vinakuwa vipande vizito, vinazama chini, na juu inabaki juisi tamu iliyo safi.

Maji ya wali. Hakuna jiko kati ya Nachingwea na Ruangwa lisiloyajua.

Namna ya kutengeneza

Chukua mabibo 20 yaliyoiva, yaliyookotwa asubuhi hiyohiyo au, bora zaidi, yaliyochumwa mtini. Yaliyopasuka yaache.

Nyonga korosho kwa mkono itoke nzima. Usikate ganda lake kwa kisu: mafuta yaliyomo yanaunguza midomo na ngozi. Osha mabibo kwa maji matatu, ukiyasugua taratibu, maana salfa niliyowatajia huganda kwenye ngozi ya tunda. Vaa nguo ambayo huna huruma nayo.

Yafukize kwa mvuke dakika tano, au yatumbukize kwa muda huohuo kwenye maji moto yaliyotiwa chumvi kiasi. Sehemu ya ukakasi imo kwenye ngozi, na joto huipunguza. Kisha kata ncha zote mbili, katakata vipande, twanga kwenye kinu au saga kwa blenda, na ukamue kwa kitambaa safi. Utapata kama lita moja.

Chemsha konzi ya mchele kwenye maji mengi hadi yawe mazito kama uji wa mgonjwa. Chuja, acha yapoe, kisha tia nusu kikombe kwenye hiyo lita moja. Koroga, funika, weka mahali pa baridi saa moja au mbili bila kuitikisa. Utaona mawingu yanashuka chini. Mimina polepole ile ya juu kupitia kitambaa, na machicha yaliyobaki wape kuku. Onja, kama bado inakaba, rudia na maji kidogo ya wali.

Ongeza sukari kwa kipimo chako, ndimu moja, na tangawizi iliyotwangwa ukipenda. Iweke kwenye friji na uinywe ndani ya siku mbili. Ukiona mapovu yanapanda yenyewe, bibi alikuwa sahihi: imeshakosa adabu.

Anayetaka ikae zaidi aijaze kwenye chupa za kioo zilizochemshwa, azifunge na kuzisimamisha ndani ya sufuria ya maji yanayochemka nusu saa. Vitamini C itapungua, lakini chachu itakufa.

Kwa walio ughaibuni

Huku kiangazi ni Juni hadi Agosti, na msimu wa nyumbani haujaanza. Tafuta duka la Wabrazili au la Wareno. Miji mikubwa ya Ulaya na Marekani haiyakosi. Omba rojo la *caju* lililogandishwa. Pakiti nyingi zina gramu 100, na moja inatosha glasi moja kubwa ya maji. Rojo hilo halijachujwa tanini, kwa hiyo lipitishe kwenye maji ya wali kama nilivyoeleza, kisha tia ndimu na barafu. Chupa za juisi nzito zilizoandikwa jina hilo nazo zinafaa, ila soma maandishi ya nyuma uone sukari imeshawekwa kiasi gani.

Watoto wangu, waliozaliwa hapa, walikunja uso kwa glasi ya kwanza, na ya pili wakaiomba wenyewe. Mdogo aliuliza kama tunda hili liko Tanzania. Nikamwambia liko kwa tani milioni mbili.

Sidai kwamba glasi za jikoni zitamaliza mabibo ya wilaya mbili. Kazi hiyo inataka viwanda vidogo vilivyo karibu na mashamba, kwa sababu tunda la siku moja haliwezi kusafirishwa hadi Dar es Salaam. Vyama vya msingi vina maghala, wanachama na orodha ya kila shamba. Mahali pa kuanzia papo.

Ninalowaomba ni dogo. Wengi wetu tunaoenda likizo Desemba tunaikuta mikorosho ya mwisho bado inadondosha. Ukifika Nachingwea au Ruangwa, amka mapema kabla jua halijakaza, jaza beseni moja, pika wali wa mchana na usimwage maji yake. Wape wazee waonje juisi kwanza, na uwahakikishie kwamba haijalala.