Wasifu wa Mtemi Asiyeacha Tawasifu: Mirambo katika Kazi za Norman R. Bennett na Nafasi ya Kiswahili katika Kumbukumbu za Njia ya Misafara

Ikisiri

Makala haya yanachunguza namna mwanahistoria wa Marekani, Norman R. Bennett, alivyomjenga Mtemi Mirambo wa Urambo katika wasifu uliochapishwa mwaka 1971. Hoja kuu ni kwamba ugumu wa kumwandikia wasifu Mirambo hautokani na uchache wa maandishi yanayomhusu, bali unatokana na mikono ambayo maandishi hayo yalipitia. Kwa kulinganisha wasifu huo na Maisha ya Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, makala yanaonesha kuwa Kiswahili kilikuwa lugha ya kutunzia kumbukumbu za njia ya misafara, na kwamba msomaji wa Kiswahili ana wajibu wa kuzihakiki istilahi anazozipokea kutoka lugha nyingine.

1.0 Utangulizi

Wasifu ni utanzu unaotegemea sana sauti ya mhusika mwenyewe. Mwandishi wa Marekani Frederick Brown, aliyechapisha wasifu wa Émile Zola mwaka 1995 na wa Gustave Flaubert mwaka 2006, alikuwa mgeni katika utamaduni wa Ufaransa. Hata hivyo, alikuwa na hazina ya barua ambazo wahusika wake waliziandika kwa mikono yao na kwa lugha yao. Ugeni wake ulipunguzwa na wingi wa sauti hizo.

Bennett, aliyefundisha historia katika Chuo Kikuu cha Boston, alikabiliwa na hali tofauti. Mhusika wake alitawala nchi iliyo magharibi ya Tabora, akapigana na kufanya mapatano na Waarabu, Waingereza na wafanyabiashara wa mataifa mengine, kisha akafariki Desemba 1884 bila kuacha tawasifu. Swali linalojadiliwa hapa ni hili: mwandishi wa wasifu hufanya nini pale ambapo karibu kila neno la mhusika limefika kupitia kinywa au kalamu ya mtu mwingine?

2.0 Tabora na Mazingira ya Mhusika

Katika karne ya 19, Tabora ilikuwa njia panda ya misafara. Barabara iliyotoka Bagamoyo ilifika Unyanyembe, kisha ikagawanyika: tawi moja lilielekea Ujiji na Ziwa Tanganyika, jingine kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda. Wafanyabiashara Waarabu na Waswahili walijenga tembe zao Tabora na Kwihara, jirani na utawala wa watemi wa Unyanyembe. Wanyamwezi hawakuwa watazamaji wa biashara hiyo. Walikuwa wapagazi, viongozi wa misafara na wafanyabiashara wa pembe za ndovu kwa haki yao wenyewe.

Mirambo, anayekadiriwa kuzaliwa karibu mwaka 1840, alirithi utemi mdogo wa Uyowa, akaupanua kwa vita na mapatano hadi ukawa dola la Urambo. Nchi yake ilikaa juu ya barabara ya Ujiji, hivyo aliweza kudai hongo au kuifunga njia kabisa. Mgogoro wake na Waarabu wa Tabora ulilipuka mwaka 1871. Agosti mwaka huo Waarabu walimshambulia, wakashindwa, naye akajibu kwa kuivamia Tabora na kuichoma sehemu ya makazi yao. Katika vita hivyo, Khamis bin Abdallah, mmoja wa viongozi wa Waarabu, aliuawa.

3.0 Shahidi Aliyekuwa Mpiganaji

Habari za vita hivyo zilizosambaa upesi zaidi nje ya Afrika Mashariki ziliandikwa na Henry Morton Stanley, mwandishi wa gazeti la New York Herald aliyekuwa akimtafuta David Livingstone. Lakini Stanley hakuwa shahidi wa pembeni. Aliingia vitani upande wa Waarabu, watu wake wakauawa, naye akakimbilia Mfuto. Taarifa zake za mwaka 1871 zinamchora Mirambo kama jambazi aliyeziba njia. Miaka mitano baadaye, Aprili 1876, Stanley alikutana naye ana kwa ana huko Serombo, wakachanjiana damu, na Mirambo yuleyule akatokea katika maandishi yake kama mtawala mpole, mwenye haiba na heshima. Ndipo Stanley alipomlinganisha na Napoleon Bonaparte.

Hapa ndipo ubora wa njia ya Bennett unapoonekana. Mwaka 1970, yaani mwaka mmoja kabla ya kuchapisha wasifu wa Mirambo, alihariri na kuchapisha taarifa za Stanley kwa gazeti hilo. Kabla ya hapo alikwisha kuhariri shajara ya mmisionari Arthur W. Dodgshun, na mwaka 1968 alikuwa mhariri wa mkusanyo wa wasifu sita wa kisiasa wa viongozi wa Afrika Mashariki, ambamo yeye mwenyewe alimwandikia Mwinyi Kheri wa Ujiji. Aliufikia wasifu wa Mirambo kupitia kazi ya uhariri, ambayo humlazimu mtu kuuliza nani aliandika, lini, kwa ajili ya nani na akiwa na maslahi gani. Picha mbili za Stanley haziwezi kuchanganywa zikatoa wastani wa ukweli. Kila moja ni ushahidi wa hali ya mwandishi wake kwanza, na wa Mirambo baadaye.

Hata hivyo, uhakiki wa nyaraka una mpaka. Vyanzo vikuu vya kipindi hicho ni barua za wamisionari kama Ebenezer Southon, aliyekaa Urambo kuanzia 1879 hadi kifo chake mwaka 1882, na nyaraka za ubalozi mdogo wa Uingereza Unguja chini ya John Kirk. Mirambo mwenyewe aliwasiliana na Kirk kwa barua, lakini barua hizo zilipita kwa waandishi na wafasiri. Siasa ya Mirambo inaonekana wazi ndani yake. Usemi wake hauonekani.

4.0 Ulinganisho na Tippu Tip

Tofauti na Mirambo, Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip, aliacha masimulizi ya maisha yake kwa Kiswahili. Naye alikuwa mtu wa njia hiyohiyo: baba yake alikuwa na makazi karibu na Tabora na alioa katika ukoo wa Fundikira, mtemi wa Unyanyembe. Masimulizi hayo yalitolewa kwa himizo la Mjerumani Heinrich Brode, aliyeyachapisha pamoja na tafsiri ya Kijerumani mwanzoni mwa karne ya 20. Baadaye W. H. Whiteley aliyatafsiri kwa Kiingereza, na mwaka 1974 François Bontinck akatoa tafsiri ya Kifaransa.

Tawasifu hiyo haina haja ya kuaminiwa kwa kila jambo ili iwe na thamani. Tippu Tip anajitetea, anachagua, na ananyamazia mengi, hasa mateso ya waliotekwa. Lakini msomaji anaweza kuuona uchaguzi huo katika lugha yenyewe: mfululizo wa vitenzi vya -ka- unaosukuma safari mbele, na mazungumzo yanayoonesha nani alimwamkia nani na kwa cheo gani. Uongo wa Tippu Tip, pale ulipo, ni wake. Uongo kuhusu Mirambo mara nyingi ni wa watu wengine.

5.0 Istilahi na Majina kama Uwanja wa Mgogoro

Tofauti hiyo ina athari za kiisimu. Mfano wa kwanza ni majina. Mtemi wa Unyanyembe aliyeng'olewa madarakani na Waarabu karibu mwaka 1860 huandikwa Mnywa Sele, lakini Speke alimwandika Manua Sera. Na kiongozi wa msafara wa Stanley, aliyesimamia uchanjianaji wa damu wa 1876, ameandikwa Manwa Sera. Mtafiti asiyejali tahajia anaweza kumfanya mtemi aliyekwisha kuuawa asimamie sherehe ya undugu wa Mirambo.

Mfano wa pili ni neno rugaruga, ambalo wasafiri wengi walilitumia kwa maana ya wanyang'anyi. Katika Unyamwezi lilitaja vijana wapiganaji waliomtumikia mtawala. Mfano wa tatu ni hongo. Kwa msomaji wa leo neno hili lina maana ya rushwa, ilhali katika njia ya misafara lilikuwa ada iliyotozwa na mwenye nchi. Akisoma kwamba Mirambo alidai hongo, msomaji asiyejua historia ya neno atamhukumu kabla ya kumwelewa.

Mfano wa nne ni sifa ya "Napoleon wa Afrika", ambayo imeingia hata katika maandishi ya Kiswahili. Sifa hiyo inamkweza Mirambo, lakini inamtoa katika taasisi ya utemi, yenye urithi, mila na mipaka yake. Pia inaficha swali muhimu kuliko ushindi wake: kwa nini dola la Urambo lilidhoofika haraka baada ya kifo chake, wakati mrithi wake Mpandashalo aliposhindwa kulishikilia? Jibu limo katika mahusiano ya mtemi, rugaruga na watawala aliowatiisha, halimo Ufaransa.

6.0 Hitimisho

Kazi ya Bennett inabaki msingi imara kwa sababu iliwapima mashahidi kabla ya kuwatumia. Upungufu wake ni wa vyanzo kuliko wa mwandishi, na hauwezi kuzibwa kwa kuitafsiri tu kwa Kiswahili. J. B. Kabeya alikwisha kuonesha, kwa kitabu chake kuhusu Mtemi Mirambo, kwamba maisha haya yanaweza kusimuliwa kwa Kiswahili. Kinachohitajika sasa ni wasifu wa kihakiki unaoziweka nyaraka za Unguja na London mbele ya masimulizi ya Kinyamwezi na tawasifu za Kiswahili za kipindi hicho, na unaorejesha maneno kama hongo na rugaruga katika maana zilizokuwa zikitumika Tabora. Bila kazi hiyo, wasomaji wa Kiswahili wataendelea kumpokea Mirambo kwa istilahi za watu waliomkimbia mwaka 1871, au za waliovutiwa naye mwaka 1876.