Hadithi za Ajali na Mauti katika Chama Chetu cha Vitabu

Katika shule yetu hapa Makote kuna chama kidogo cha kusoma vitabu. Hukutana kila Alhamisi alasiri, baada ya kazi za bustani, chini ya mkorosho ulio nyuma ya madarasa. Mimi ni katibu wake. Kazi yangu ni kuandika yaliyosemwa na kuyasoma tena katika mkutano unaofuata. Muhula huu tulizungumza juu ya jambo moja tu, nalo ni hadithi za ajali na mauti. Wazazi wengine waliposikia waliuliza kwa nini watoto wasomeshwe habari za kufa badala ya habari za kuishi. Swali lao ni la haki, na makala haya ni jibu langu.

Kwanza yafaa tulielewe neno lenyewe. Siku hizi mtu akisema ajali, aghalabu twafikiri gari lililopinduka au mtu aliyeanguka kutoka juu ya mti. Lakini neno hili limetoka katika Kiarabu, na maana yake ya asili ni muda uliowekwa, yaani mwisho wa siku za mtu. Ndiyo sababu wazee husema kwamba ajali haina kinga. Katika mkutano wa kwanza mwanachama mmoja alisimama akataja methali isemayo jitihada haiondoi kudura. Mwingine akamjibu papo hapo kwamba ukiona vyaelea, vimeundwa. Methali zote mbili ni za wazee wetu, na zilionekana kama ndugu wawili wanaogombana.

Mwalimu mlezi wa chama hakutaka kuamua ugomvi huo. Alitupa maswali matatu ya kuuliza kila tumalizapo hadithi. La kwanza, ni jambo gani katika hadithi hii ambalo hapana mtu aliyeweza kulizuia? La pili, ni jambo gani lililotendwa na mkono wa mtu? La tatu, ni nani aliyejua akanyamaza? Maswali haya ni mepesi kuyakumbuka, lakini kuyajibu ni kazi. Nitaeleza jinsi yalivyotuongoza katika hadithi tatu.

Hadithi ya kwanza ilikuwa mchezo wa kuigiza wa Wayunani uitwao Mfalme Edipode. Ulitungwa na Sophocles zaidi ya miaka 2,400 iliyopita, ukafasiriwa kwa Kiswahili na Samuel Mushi, na tafsiri yake ilitolewa mwaka 1971. Mushi ndiye aliyefasiri pia Makbeth na Tufani, michezo miwili ya Shakespeare. Habari yenyewe ni hii. Mfalme na malkia wa Thebes walitabiriwa kwamba mtoto wao atamwua babaye na kumwoa mamaye. Mtoto alipozaliwa wakamtoboa miguu, wakampa mchungaji akamtupe mlimani. Mchungaji akamhurumia, akampa mchungaji mwenziwe wa Corinth, na mtoto akalelewa na mfalme wa huko kama mwana wa kumzaa. Alipokuwa kijana alisikia neno la mlevi kwamba yeye si mtoto wa nyumba ile. Akawauliza waliomlea, nao hawakumwambia kweli. Alipokwenda kutafuta jibu kwa mungu, akaambiwa utabiri ule ule. Basi akaikimbia Corinth asije akamdhuru mzee aliyemdhania kuwa baba. Njiani, penye njia panda, akagombana na mzee mmoja akamwua. Mzee huyo ndiye aliyekuwa babaye hasa. Akafika Thebes, akafumbua kitendawili cha dude lililokuwa likiwaangamiza watu, akapewa ufalme pamoja na mjane wa mfalme, naye ni mamaye.

Wengi wetu tulisema kwamba hapa hapana la kujadili, aliandikiwa. Lakini tulipofika kwenye swali la tatu mambo yakageuka. Waliomlea walijua, wakanyamaza. Mchungaji alijua, akanyamaza miaka mingi. Edipode alikimbia kwa sababu ya upendo, ila aliikimbia nyumba isiyo yake, kwa kuwa hapana aliyemwambia iliko nyumba yake. Mwanachama mmoja wa Kidato cha Pili, ambaye kwa kawaida hasemi sana, alisema kwamba utabiri ulikuwa wa mungu, lakini kimya kilikuwa cha watu. Niliyaandika maneno hayo kwa wino mwekundu.

Hadithi ya pili ilitoka pwani yetu wenyewe, nayo ni ya Fumo Liyongo, shujaa wa upande wa Lamu na Pate. Habari zake zilisimuliwa kwa mdomo vizazi vingi, na mwaka 1913 Muhammad Kijumwa wa Lamu alizitungia utendi. Liyongo hakudhurika kwa silaha yoyote, isipokuwa achomwe kitovuni kwa sindano ya shaba. Sultani wa Pate alimwogopa, akamshawishi mwana wa Liyongo kwa ahadi ya cheo na ya kumwoza binti yake. Mwana akamwuliza baba siri yake, na baba akamwambia. Kisha akamvizia usingizini akamchoma. Liyongo akaamka, akashika uta wake, akaenda kisimani, akapiga goti na mshale umevutwa, akafa katika hali hiyo. Siku kadhaa watu wa mji hawakuthubutu kuteka maji, wakidhani yu hai. Na mwana yule hakuifaidi ile ahadi aliyouzia babaye.

Tulipouliza swali la kwanza, tulikubaliana kwamba kila mtu ana kitovu. Hata aliye shujaa kuliko wote ana mahali ambapo mauti yaweza kupita, na hilo hapana awezaye kuliondoa. Swali la pili lilitupa jibu jingine. Sindano haikujiendea yenyewe. Iko mikono iliyoifua, iko iliyoipokea, na uko mkono ulioichoma.

Hadithi ya tatu haikutoka ng'ambo wala Lamu. Ni ya hapa hapa juu, katika Uwanda wa Makonde. Profesa Karl Weule, Mjerumani aliyefika Masasi na Newala mwaka 1906, aliitia katika kitabu chake kilichotolewa mwaka 1908. Yasemwa kwamba hapo kale palikuwa na mtu aliyeishi peke yake porini, haogi wala hanyoi. Siku moja akachonga gogo, akatengeneza umbo la mwanamke, akalisimamisha karibu na makao yake. Usiku umbo lile likapata uhai, likawa mwanamke, naye akamwoa. Wakateremka mto Ruvuma wakaoga. Huko mke akazaa mtoto mfu. Wakapanda uwandani, wakavuka mpaka bonde la Mbemkuru. Huko akazaa tena, na mtoto huyo naye alikuwa mfu. Wakarudi juu, mpaka Mahuta, ambayo sasa imo katika Wilaya ya Tandahimba. Akazaa mara ya tatu, na mtoto akaishi. Ndipo mzee yule akawausia wazawa wake wasijenge mabondeni wala karibu na mito mikubwa, kwa maana huko hukaa maradhi na mauti. Nyumba zao ziwe mbali na maji kadiri ya mwendo wa saa moja.

Hadithi hii ilituzuia chini ya mkorosho mpaka jua likazama. Tazameni, ndugu wasomaji, wazee hawa wa kwanza walifiwa mara mbili. Wangeweza kukaa palepale wakasema ndivyo tulivyoandikiwa. Badala yake waliinuka wakahama, wakajaribu mahali pengine, wakashindwa, wakahama tena. Na wosia wao haukuwa upuuzi. Zamani hizo hata wenye elimu wa Ulaya walidhani kwamba homa ya malaria huletwa na hewa mbaya ya mabwawa. Mwaka 1897 ndipo daktari Ronald Ross, alipokuwa Uhindi, alipokiona kijidudu cha homa hii ndani ya tumbo la mbu. Wazee wetu hawakumjua mbu kwa kazi yake, lakini waliona kwamba watu wa bondeni huzika watoto wengi. Waliyaepuka mauti kwa macho yao na kwa miguu yao, na gharama yake waliilipa akina mama. Mtu akisimama pale Newala penye Shimo la Mungu, akitazama bonde la Ruvuma lilivyo mbali chini, na afikiri mtungi wa maji kichwani ukipandishwa genge lile, ataielewa gharama hiyo. Uwanda wetu ni wa mchanga, maji ya mvua huzama wala hayakai.

Siku hizi kuhama peke yake hakutoshi. Mbu yuko juu kama alivyo chini, naye hutaga katika dimbwi lolote la mvua. Lakini wosia haujafa, umebadili nguo tu. Mahali pa mwendo wa saa moja tuna chandarua, na tuna kipimo cha damu, na tuna dawa katika zahanati. Mtoto mwenye homa hupaswa kupimwa kabla saa ishirini na nne hazijapita tangu homa ianze.

Sasa nitasema jambo ambalo nilikaa nalo wiki nzima kabla ya kulieleza mbele ya wenzangu. Mwaka jana wakati wa mvua mdogo wangu, mwenye umri wa miaka minne, alishikwa na homa siku ya Ijumaa. Mimi nilikuwa nyumbani kwa likizo. Jumamosi alikataa chakula, akawa mtu wa kulala tu. Mjomba, ambaye neno lake ndilo neno la nyumba yetu, akasema tungoje mpaka Jumatatu. Katika mtihani wa muhula uliotangulia nilikuwa nimechora safari ya kijidudu cha malaria kutoka kwa mbu mpaka katika damu ya mtu, na nikapata maki nzuri. Kwa hiyo nilijua. Nikanyamaza, kwa kuwa mtoto hamfundishi mkubwa. Jumatatu tukampeleka, Jumanne akafariki. Matangani kila mtu alisema siku yake imefika, nami nikaitikia. Neno hilo lilinifariji, na tena lilinificha.

Nilipomaliza kusema, hapana aliyenicheka wala aliyenilaumu. Mwalimu aliniuliza neno moja tu, kama nimekwisha kuzungumza na mjomba. Jumamosi iliyofuata nikaenda. Nikamwamkia, nikakaa mkekani, nikamweleza yote tangu Edipode mpaka yule mzee wa Mahuta. Alinyamaza kwa muda mrefu, kisha akasema, "Mpwa wangu, mbona hukusema siku ile?"

Nikajibu, "Niliogopa, mjomba."

Akasema, "Hata mimi niliogopa. Niliona nikisema twende hospitali, nitakuwa nimekubali kwamba mtoto ataka kufa."

Sote wawili tulikuwa tumejua kidogo, na kila mmoja akamngoja mwenziwe. Siku hiyo tulipatana kwamba katika nyumba yetu mtoto mwenye homa halali usiku wa pili bila kupimwa, na kwamba mwenye kujua neno lenye manufaa atalisema, awe mkubwa au mdogo, mradi alitamke kwa adabu.

Sisemi kwamba mdogo wangu angepona. Hilo ni la Mungu, nami nimelikabidhi kwake. Tena yako mauti ambayo hapana jitihada wala elimu iwezayo kuyarudisha nyuma, na hadithi hutufundisha kuyapokea hayo pia. Marehemu Shaaban Robert, aliyezaliwa mwaka 1909 na kufariki mwaka 1962, alipofiwa na mkewe Amina alimtungia shairi. Hakuweza kumrudisha mkewe, lakini aliweza kulitunza jina lake, na mpaka leo watu wasiomjua Amina humtaja. Hili nalo ni jambo la mkono wa mtu. Kwa hiyo, swali la kwanza likijibiwa, kazi haijaisha. Bado lipo la kutenda hata baada ya kaburi.

Basi hili ndilo jibu langu kwa wazazi waliouliza. Hatusomi hadithi za ajali ili tukunje mikono. Twazisoma ili tujue kulitenga lisilozuilika na linalozuilika, kwa maana mtu akiyachanganya hayo mawili huvumilia asilopaswa kuvumilia, na hupigana na lile asiloliweza. Methali zile mbili zilizogombana katika mkutano wa kwanza sasa zimepatana. Jitihada haiondoi kudura, ni kweli, lakini mtu hajui kudura yake ni ipi mpaka amalize jitihada yake.

Muhula ujao twataka kukusanya hadithi za mauti na za asili ya watu kutoka katika nyumba zetu wenyewe, za Wamakonde, za Wayao, za Wamakua na za Wamwera. Bibi yangu alipoulizwa juu ya ile ya Mahuta, aliikumbuka sehemu ya mwisho tu, ile ya kukatazwa kujenga bondeni. Mwanzo wake ulikuwa umempotea. Nawaomba wazazi na wazee wetu, mwanafunzi atakapokuja kwenu jioni na daftari mkononi, msimwambie kwamba mambo hayo si ya watoto. Msimulieni, kisha mwacheni aulize.

Katibu, Chama cha Kusoma Vitabu, Kidato cha Tatu