Staringi hana RB

Kilichoninasa kwenye benchi la kibanda umiza kimoja cha Chang'ombe, hapa Dodoma, ni saa ya mkononi. Muvi ilikuwa Commando ya mwaka 1985, ambayo nusu ya waliokuwamo wameikariri. Arnold Schwarzenegger, yaani John Matrix, ametekewa binti yake Jenny, na yeye amepandishwa ndege akamuue rais wa Val Verde, nchi ya kubuni. Anamuua mlinzi wake kimyakimya, anashukia kwenye magurudumu ndege ikipaa, anajiachia, anaangukia kwenye kinamasi. Kabla hajakimbia, anaitega saa yake. Safari ni ya saa 11. Ndege ikitua bila yeye, mtoto anauawa.

Muvi yenyewe haikumbushii sana saa ile. Anayekumbushia ni DJ anayeitafsiri. Risasi zinalia, yeye anaingilia: zimebaki saa nane, jamani, zimebaki sita. Kibanda kizima kinaguna.

Mchana kijana huyo huwaingizia watu muvi kwenye flashi, jioni hutafsiri. Anasema kazi aliijua kwa kusikiliza kanda za mtafsiri wa muvi Lufufu. Kwa maelezo yake, bunduki ni za watoto, saa ni ya wazazi. Hata Taken ya 2008, ambamo Liam Neeson ana saa 96 tu za kumpata binti yake aliyetekwa Paris, huihesabu hivyo hivyo.

Halafu, anasisitiza, staringi hana RB, ile namba ya taarifa ya polisi. Haandikishi maelezo, haambiwi arudi kesho. Nikacheka, maana huu ndio mji wa mafaili, wizara zimepangana kule Mtumba. Mzazi wa hapa huanzia kwa mjumbe, kwa mwenyekiti wa mtaa, kituoni, kwenye kipaza sauti cha msikiti. Ndivyo watoto wanavyopatikana, na ndiyo maana anayekuja kumtazama Matrix akivunja mlango simlaumu hata kidogo.

Ila mbona baba tu? Mama yake Jenny haonekani. Wa Taken anabaki nyumbani akilia. Mtaani kwetu anayehangaika usiku nyumba kwa nyumba ni mama. DJ anayo Kidnap ya 2017, Halle Berry akiwafukuza watekaji wa mwanawe kwa gari la familia. Watu huitazama mara moja basi. Commando huiomba tena na tena. Nilimuuliza kwa nini. Akabadilisha flashi.

Nje ya kibanda, namba ya kupiga bure nchini kwa ajili ya mtoto aliye hatarini ni 116.