Sura ya Sita: Kidonda Kinapotazamwa kwa Tamaa

Wachoraji wa Ulaya walijifunza kuchora mwili ulio nusu uchi wakilihudumia Kanisa. Mtakatifu Sebastiano, aliyechomwa mishale, hapo zamani alichorwa mzee mwenye ndevu. Kufikia karne ya 16 alikuwa kijana mzuri aliyefunikwa kitambaa kiunoni. Kati ya 1647 na 1652 mchongaji Bernini alimchonga Mtakatifu Teresa wa Avila mbele ya malaika mwenye mshale, macho yamelegea, mdomo wazi, usijue kama anaumia au anaburudika. Wasanii wa leo wanaochanganya msalaba, damu na mahaba wamerithi mchanganyiko huo.

Sanaa ya Kongo ilitenganisha tamaa na mateso. Katika miaka ya 1970, kwenye sebule za Lubumbashi, tamaa ilikuwa na picha yake: mamba muntu, nguva mwenye kifua wazi na nyoka wake, anayempa mwanamume mali kwa masharti. Mateso nayo yalikuwa na yake. Mchoraji Tshibumba Kanda Matulu alimchora waziri mkuu Lumumba ameuawa, damu ikimtoka ubavuni, na nyuma yake misalaba mitatu.

Mwenyeheri Anuarite anathibitisha utengano huo zaidi. Sista huyu aliuawa Isiro tarehe 1 Desemba 1964 kwa kumkataa kanali wa waasi wa Simba aliyemtaka kimwili. Kisa chenyewe kimeunganisha tamaa na kifo, lakini picha zake zinamwonyesha katika vazi la kitawa, kitambaa kichwani. Aliyetaka kumvua hakupewa ushindi hata kwenye picha.

Goma, mji wa Kivu mashariki mwa Kongo, una sababu ya kuulinda mpaka huo kati ya tamaa na mateso. Tangu vita vya miaka ya 1990, ubakaji umekuwa silaha Kivu, na kamera za wageni zimewafuata wanawake ili zipige majeraha yao. Petna Ndaliko Katondolo, mwanzilishi wa kituo cha sanaa cha Yole!Africa mjini Goma, alijibu mwaka 2010 kwa filamu ya Jazz Mama, inayowaonyesha wanawake wa Kongo kama watu wenye nguvu na sauti.

Hakuna anayedai kwamba uchi ni mwiko kwa msanii wa Goma. Lakini huko kidonda kina mwenyewe, na huenda anaishi mtaa wa pili. Ukisimama mbele ya picha inayopamba maumivu kwa mahaba, uliza kwanza: mwenye mwili huu ameonyeshwa kama mtu, au kimebaki kidonda tu? Ikiwa ni kidonda tu, msalaba uliochorwa pembeni hautaitakasa picha hiyo.