Wali kwanza, samaki nyuma: tulivyofunzwa sushi kule Japani

Tangu turudi Katogota swali ni moja tu, kutoka Kamanyola mpaka Luvungi: "Ni kweli mulikula samaki mbichi?" Ndiyo, tulikula. Lakini habari kubwa tuliyotoka nayo si ya samaki. Ni ya wali, na inagusa kila nyumba yenye mtu anayeamka saa kumi ya usiku, anafunga chakula ndani ya sasheti, na kukifungua shimoni jua likiwa limekwisha kupinduka.

Tulikuwa wajumbe watatu wa sendika. Watu wanaotetea haki za wafanyakazi walitualika Tokyo tueleze namna madini ya ndani ya telefone yanavyotoka mikononi mwetu. Siku ya mapumziko wenyeji wakatupeleka kwenye somo la sushi la watu wasiojua kitu: masaa mawili, meza moja ndefu, kila mtu na aproni yake na kisu chake. Mwalimu alikuwa mama wa makamo, mkali kidogo, mwenye kucheka ghafla.

Sisi tulifikiri tutaanza na kisu. Mama mwalimu akatuwekea mchele. Sushi, alisema, si jina la samaki mbichi. Ni jina la wali uliotiwa siki, ile tunaita vinegre. Samaki anakuja juu yake sawa mgeni. Zaidi ya nusu ya somo ikaishia kwenye sufuria.

Mchele wao ni mfupi, mnene, ukiiva unashikana. Huu wetu wa bonde la Ruzizi ni wa namna nyingine, punje zinaachana. Wanauosha mara nyingi mpaka maji yatoke meupe ya kuonekana chini, wanauloweka nusu saa, wanaupika kwa maji karibu sawa na kipimo cha mchele wenyewe. Kisha, ungali moto, wanaumwaga ndani ya beseni pana la mbao na kuunyunyizia siki iliyochanganywa na sukari na chumvi. Hapo hawakorogi. Wanaukata kwa mwiko uliolala ubavu, ili punje zisivunjike, na mwingine anaupepea. Tulipewa vipepeo, tukapepea kama wa mama wa Kalundu wanaopepea makaa ya samaki. Unapepewa mpaka uwe na joto la mwili wa mtu, hauendi frigo.

Ndipo wakatuonyesha mkono. Unalowesha viganja kwa maji yenye siki kidogo, unachukua wali wa kama gramu 20, unaukunja kwa vidole viwili bila kuukaba, unalaza kipande cha samaki. Kwa nje ushikane, kwa ndani hewa ipite. Mama mwalimu aliweka kimoja kwenye kiganja chake, akakivunja tuone ndani. Baadaye tukafundishwa ile ya kuviringisha: karatasi nyeusi ya majani ya baharini, wali juu yake, tango katikati, na kitambaa cha vijiti vya mwanzi cha kuvingirisha. Hiyo ni rahisi, mtoto wa miaka saba alikuwa pale na vyake vilinyooka kuliko vya baba yake.

Mmoja wetu akamuuliza kama kazi hii ni ya wanawake pia. Akacheka. Kwa miaka mingi, alisema, wanaume wa kazi hii walidai mikono ya mwanamke iko na joto mno, inaharibu samaki. Tukatazamana. Kwetu mwanamke anaambiwa asishuke shimoni, eti dhahabu itakimbia, na hapo hapo yeye ndiye anayetwanga mawe kutoka asubuhi mpaka jioni kwa malipo madogo kuliko yote. Kule sababu ni joto, huku ni dhahabu. Zamani mwanafunzi wa sushi aliweza kukaa miaka mingi akiosha vyombo na kupika wali kabla ya kuguswa na kisu. Siku hizi kuna shule zinazofundisha kwa miezi michache, na wazee wa kazi hawazipendi. Kama watu wa sendika tunaelewa pande zote mbili, lakini kuosha vyombo miaka mitano kwa pesa kidogo hatuwezi kukuita masomo.

Na wasomaji wasidhani hiki ni chakula cha matajiri toka mwanzo. Sushi hii ya kukunjwa kwa mkono ilikomaa kwenye vibanda vya barabarani vya Edo, mji ambao leo ni Tokyo, mwanzoni mwa karne ya 19. Wanamtaja sana mpishi Hanaya Yohei, aliyefariki mwaka 1858. Wateja walikuwa watu wenye haraka, wakila wamesimama, na kipande kimoja kilikuwa kikubwa mara mbili au tatu kuliko cha leo. Yaani kilikuwa chakula cha mtu mwenye kazi. Utajiri ulikuja nyuma. Januari 2019, kwenye soko jipya la Toyosu, jodari mmoja wa kilo 278 aliuzwa yen milioni 333.6. Tulipiga hesabu kwenye hoteli: kilo moja ya samaki yule ilifika karibu robo ya bei ya kilo ya dhahabu ya wakati ule. Ni mnada wa kwanza wa mwaka, watu wanashindana ili majina yao yatoke gazetini, siku za kawaida bei haiko hivyo. Lakini itakuwa vizuri mchimbaji ajue.

Zamani zaidi ya Edo, sushi ilikuwa namna ya kuhifadhi samaki, na hapa watu wa ziwa wasikilize. Kule Japani kuna ziwa Biwa, la maji matamu, kongwe sana sawa Tanganyika, ila dogo: kilomita za mraba kama 670, wakati letu linapita 32,000. Watu wa Biwa bado wanatengeneza ile ya kale. Samaki anatiwa chumvi kwa miezi, kisha anapangwa ndani ya pipa pamoja na wali uliopikwa, anawekewa jiwe juu, anaachwa miezi mingine. Wali unachacha, unakuwa mkali, na ule ukali ndio unazuia samaki kuoza. Zamani wali wenyewe ulitupwa, samaki tu ndiye aliliwa. Siki ya leo ni njia ya mkato ya kupata ule ukali bila kungoja mwaka. Sisi tulipewa kipande: harufu yake ni kali, lakini mtu aliyekulia karibu na ndagala wanaoanikwa Uvira hakimbii.

Sasa onyo, juu vijana wameanza kusema watajaribu na mikebuka. Hapana. Samaki wa sushi ni wa bahari karibu wote, na wengi wamegandishwa kwanza. Kanuni inayotumika sana ni nyuzi 20 chini ya sifuri kwa masaa 24 au zaidi, ili minyoo ya samaki ife. Frigo ya nyumbani ambayo umeme wake unakwenda na kurudi haifanyi kazi hiyo. Samaki mbichi wa maji matamu wanaweza kubeba minyoo inayoingia mpaka kwenye ini la mtu. Tena Uvira na kolera wanajuana kwa muda mrefu; samaki aliyeoshwa kwa maji machafu anahitaji moto. Mikebuka na ndagala wapikwe.

Tunarudi kwenye wali. Tulimwambia mama mwalimu kwamba kwetu mchimbaji anabeba wali na maharagi toka alfajiri, anakula saa tisa, na mara nyingi jioni tumbo linamkata na anatapika. Watu wanasema ni uchawi wa shimo, au ni moshi. Hakushangaa. Kuna mikrobe, wataalamu wanaiita Bacillus cereus, ambayo mbegu zake zinapona hata kwenye maji yanayochemka. Wali ukikaa na joto kwa masaa mengi, inaamka na kuongezeka, na sumu yake moja haifi hata ukiupasha moto tena. Ndiyo sababu wali uliolala ndani ya sufuria iliyofunikwa, ukakaangwa asubuhi, bado unaweza kukuangusha. Ukali wa siki unaipunguza nguvu, na hata hivyo kule wali wa sushi unaliwa siku ile ile.

Kipimo tulichoandika, kwa kilo moja ya mchele mkavu: siki desilita moja na nusu, sukari vijiko sita vya mezani, chumvi vijiko vitatu vidogo. Wa mama wawili hapa Katogota wameshajaribu na mchele wetu na ndagala wa kukaanga. Haushikani kama wa kule, lakini unaliwa, na watoto wameomba tena. Siki ni pesa, tunajua. Asiye na siki afanye hivi: apike alfajiri, si jana jioni, autandaze wali kwenye sinia pana upoe upesi, asiufunge moto ndani ya sasheti, na uliwe mapema, kabla ya saa sita.

Hilo la mwisho haliko mikononi mwa mama wa nyumbani. Ni la PDG wa shimo, anayepanga saa ya kupanda kula. Kwa hiyo kwenye daftari ya madai ya mwezi huu tumeongeza mambo matatu: mapumziko ya chakula kabla ya saa sita, kivuli cha kuweka vyakula, na dumu la maji safi na sabuni mdomoni mwa kila shimo. PDG mmoja amekwisha weka dumu. Wengine wanasema watafikiri, nasi tutapita tena Jumatatu.