Timbo la Bamburi: Historia ya Jiwe la Chokaa na Funzo Lake kwa Juba

1. Utangulizi

Mahali panapochimbwa mawe huitwa kwa Kiswahili chimbo au timbo. Maneno haya yana asili moja: kitenzi chimba cha Kiswahili sanifu, ambacho katika Kimvita ni timba. Yote mawili yanatokana na tendo la kuchimba. Makala haya yanaeleza jiolojia na historia ya timbo la Bamburi, kaskazini mwa Mombasa, kisha yanabainisha kinachoweza kuchukuliwa kutoka huko na mji wa Juba, ambako mitaa inayopanuka, kama New Site, inahitaji mawe na kokoto za kujengea.

2. Asili ya jiwe

Jiwe la Bamburi liliundwa na viumbe hai. Katika enzi ya Plaistosini, usawa wa bahari ulipokuwa juu kuliko ilivyo leo, matumbawe yalikua na kurundikana kando ya pwani; maji yalipopungua, mwamba ukabaki nchi kavu. Wapwani walilijua jiwe hili kwa karne nyingi: walilichonga kwa ajili ya kuta na kulichoma ili kupata chokaa. Ngome ya Yesu, iliyoanza kujengwa mwaka 1593, ni ya jiwe hilo hilo.

3. Kuchimba na kurejesha

Kampuni ya saruji ya Bamburi iliasisiwa mwaka 1951, na kiwanda kikaanza uzalishaji mwaka 1954. Jiwe la chokaa huchanganywa na mawe yenye mfinyanzi, kisha huchomwa kwa joto la takriban nyuzi 1,450 za Selsiasi. Baada ya miongo miwili, ulibaki uwanda mweupe usio na udongo, wenye joto kali, na maji ya chumvichumvi karibu na uso wake.

Mwaka 1971, René Haller, mtaalamu wa kilimo kutoka Uswisi, alianza kuurejesha. Kati ya aina 26 za miti zilizojaribiwa, ni tatu tu zilizostahimili, mmojawapo ukiwa mvinje. Vifundo vya mizizi ya mvinje huhifadhi bakteria wanaonasa naitrojeni ya hewani, hivyo mti huu humea pasipo na rutuba. Hata hivyo, majani yake hayakuoza upesi. Jongoo wenye miguu myekundu waliletwa kuyala, na kinyesi chao kikawa mwanzo wa udongo. Mnamo 1984 sehemu ya timbo ilifunguliwa kwa wageni.

4. Juba na mwamba wake

Jabali la Kiswahili na jebel ya Kiarabu cha Juba ni neno moja, lakini miamba inayotajwa ni tofauti. Jebel Kujur, magharibi mwa mji, ni sehemu ya miamba ya fuwele ya kale mno, migumu, isiyo na chokaa ya kutosha kuchomwa. Kupanda mvinje huko kwa sababu tu ulistawi Bamburi kungekuwa kuiga jibu bila kulisoma swali. Linalostahili kuchukuliwa ni mpangilio wa hatua: kuchunguza mwamba na maji yake, kujaribu mimea mingi, kisha kujenga udongo kabla ya msitu.

Ipo tofauti nyingine iliyo nzito zaidi. Bamburi ilikuwa na mchimbaji mmaja mwenye ardhi na fedha. Juba, wengi wanaopasua mawe kwa nyundo ni wanawake wanaotafuta riziki ya siku. Kuwatwika wao gharama ya kurejesha ardhi si haki, wala haiwezekani.

5. Hitimisho

Makala yanapendekeza mambo mawili. Kwanza, sehemu ya ushuru wa mawe na kokoto itengwe kwa urejeshaji tangu siku ya kwanza ya uchimbaji. Pili, kwa kuwa Sudan Kusini ni mwanachama wa Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2016, istilahi “urejeshaji wa timbo” ifasiliwe katika miongozo ya Kiswahili ya kanda, ili kibali cha kuchimba kitaje pia wajibu unaofuata. Sheria isiyo na jina la wajibu huo haina namna ya kuudai.