Kwa Nini Dubu Mweupe Hana Makao Bamburi

Anayeingia Haller Park, Bamburi, mjini Mombasa, hukuta viboko, twiga, pofu na kobe wakubwa wa Aldabra mahali palipokuwa machimbo ya mawe ya saruji. Mwaka 1971 René Haller alianza kupanda mivinje kwenye mwamba huo mtupu wa matumbawe, akaleta majongoo wayasage majani yake yawe udongo, na wanyama wakaja baada ya malisho kupatikana. Wote hao asili yao ni nchi za joto. Ukiuliza kwa nini hakuna dubu mweupe, utajibiwa haraka kwamba angekufa kwa joto. Jibu hilo si la uongo, ila ni nusu tu, tena ile nusu ndogo.

Tuanze nayo hata hivyo. Mwili wa mnyama hutoa joto usiku na mchana, na joto hilo lazima lipate pa kutokea. Dubu mweupe ameumbwa kulizuia: ana manyoya mazito, na chini ya ngozi mafuta yanayoweza kufikia unene wa sentimita 10. Mombasa humwongezea mnyama wa namna hiyo adhabu ya unyevu, kwa sababu jasho na kuhema hupoza mwili pale tu maji yanapogeuka mvuke, na hewa ya pwani imeshajaa mvuke tayari. Ng'ombe wa Friesian, mwenye asili ya Uholanzi na kaskazini mwa Ujerumani, hujaza ndoo Nyandarua na Limuru. Akiteremshwa pwani hupunguza kula na maziwa hupungua, hata kabla kupe hawajamletea ndigana. Mfugaji wa Kisauni anayemchanganya na Sahiwal, ng'ombe anayestahimili joto, anajua anachofanya. Atakayesema kwamba ndovu na kiboko nao ni wanene lakini wanaishi huku, ajibiwe kwamba unene si kosa. Ndovu hana manyoya ya maana na hupungia masikio yake mapana, naye kiboko hushinda majini na kungoja usiku ndipo atoke kulisha.

Pingamizi zito zaidi ni la Inuka, dubu mweupe aliyezaliwa katika bustani ya wanyama ya Singapore mwaka 1990, karibu kabisa na ikweta, akaishi huko hadi 2018. Mwaka 2004 manyoya yake yaligeuka kijani kwa mwani uliomea ndani ya nywele, na 2013 akahamishiwa makao yenye kipoza hewa. Basi joto halikumuua. Lakini kila siku kuna mtu aliyempelekea chakula. Huko kwao dubu huvizia sili juu ya barafu ya bahari. Hapa kwetu hakuna barafu wala sili, na kazi yote aliyoumbiwa haipo.

Ushahidi wa njaa tunao katika bahari yetu wenyewe. Kati ya Julai na Septemba nyangumi wenye nundu hupita pwani ya Kenya, Watamu kwa mfano, wakitoka bahari za Antaktiki kuja kuzaa na kunyonyesha. Mafuta yao mazito hayawazuii kukaa miezi kadhaa katika maji ya uvuguvugu. Kinachowarudisha kusini ni tumbo: huku hula kidogo mno au hawali kabisa, wakiishi kwa akiba ya mwilini. Maji ya juu yenye joto huelea kama kifuniko na kuzuia rutuba ya vilindini isipande, ilhali kule kusini uduvi ni tele.

Na kama mnyama wa baridi angetafuta makao milimani? Mlima Kenya, wenye kilele cha mita 5,199, una baridi ya kutosha. Kizuizi hapo ni njia: mnyama wa kaskazini angelazimika kuvuka maelfu ya kilomita za nyika na jangwa. Njia ilipopatikana, baadhi ya wanyama wa kaskazini walikuja Afrika. Mbwa mwitu wa Ethiopia, ambaye ni ndugu wa karibu wa mbwa mwitu wa kijivu wa Ulaya na Asia, anaishi milima ya Bale, juu ya mita 3,000, akila panya na fuko. Hakufika kwetu. Huko juu Mlima Kenya miamba ina wenyewe, na miongoni mwao ni pimbi, jamaa wa wale wa tambarare, aliyeota manyoya marefu na mazito kuliko wenzake.